Kutoka Jukwaani hadi Mswadani: Mchekeshaji, Mwandishi na Sauti ya Kiswahili



Huenda mkashangaa kwamba mhadhara wa Kiswahili unaanzia kwa mchekeshaji wa Marekani. Jordan Peele alikulia katika sanaa ya jukwaani huko Amsterdam na Chicago. Kati ya mwaka 2012 na 2015 alishirikiana na Keegan-Michael Key katika vichekesho vifupi vya televisheni. Mwaka 2017 akatoa Get Out, filamu ya kutisha aliyoiandika na kuiongoza mwenyewe. Mwaka uliofuata filamu hiyo ilimpa tuzo ya Oscar ya mswada asilia. Yeye ndiye mtu mweusi wa kwanza kuipata tuzo hiyo.

Je, aliuacha uchekeshaji? Hasha. Alihamisha nyenzo zake tu. Chukua mfano wa uradidi. Msichana wa Kizungu anamtabiria mpenzi wake, kijana mweusi, kwamba baba yake atajigamba jinsi ambavyo angempigia Obama kura mara ya tatu. Baadaye baba anayasema hayo hayo. Utabiri unachekesha; unapotimia, tunacheka tena, lakini shaka imekwisha kuingia. Maneno ni yale yale. Kilichobadilika ni muktadha. Hilo ni somo la pragmatiki, na mchekeshaji alilijua kwa kusikiliza hadhira yake usiku baada ya usiku.

Sasa tuingie nyumbani. Majina ya mwanzoni mwa filamu hiyo yanaambatana na wimbo uliotungwa na Michael Abels, uitwao “Sikiliza Kwa Wahenga”. Ni onyo kwa kijana akimbie. Mhusika haelewi, na watazamaji wengi hawaelewi, sisi tunaelewa. Kwao Kiswahili ni sauti ya mababu. Kwetu ni sentensi, na sentensi ina sarufi. Kitenzi “sikiliza” huchukua yambwa moja kwa moja, na kiambishi chake: “wasikilize wahenga”. Tukisema “kwa wahenga”, msikilizaji hufikiria mahali au chanzo cha habari, wala si wale wanaosikilizwa.

Sisemi hayo kwa dhihaka. Lugha yetu iliheshimiwa kwa kupewa kazi ya kuonya. Lakini heshima hiyo inatudai kitu. Wachekeshaji wetu wengi hubuni maneno papo hapo. Tukishacheka, maneno hayo hupotea. Na sisi wanaisimu hungoja kazi ikamilike ndipo tuanze kusahihisha. Nani basi atakaa na mchekeshaji mswada unapoandikwa, amsaidie kuuhifadhi ulimi wake bila kuukausha?

Wanafunzi wangu, kazi hiyo nawaachia ninyi. Msiende kwa wasanii mkiwa na kalamu nyekundu. Nendeni na masikio.