Kinyozi Hajinyoi: Fikra ya Mtu na Baraza la Watu

Hotuba iliyotolewa mbele ya wananchi wa Jego, Kwale



Nimetakiwa nizungumze juu ya fikra ya binadamu: jinsi inavyofanya kazi, na nafasi yake katika maisha ya jamii. Huenda wako watakaosema kwamba haya ni maneno ya darasani, na kwamba mwananchi anayetafuta maji, bei nzuri ya samaki na nazi zake, na hati ya shamba lake, hana haja nayo. Mimi nasema anayo. Dhuluma kubwa tulizoziona katika nchi hii zilitanguliwa na hoja za kuzihalalisha, na haki tulizozipata zilidaiwa kwa hoja. Asiyejua jinsi hoja inavyojengwa na inavyovunjwa atatumiwa na wanaojua.

Tuanze na mtu mmoja. Tumezoea kuambiwa kwamba akili ni kama taa: aliye nayo huiwasha, akaiona kweli. Wahenga wetu walikuwa waangalifu zaidi. Walisema mwamba ngoma huvutia kwake. Mtu akifikiria jambo linalomgusa, aghalabu huanza kwa kupenda, kisha hutafuta sababu za kulitetea alilolipenda. Sababu hizo humjia kama wakili aliyekwisha kulipwa, naye hudhani amejiwa na kadhi.

Jambo hili limepimwa. Mwaka 1966 mtaalamu wa saikolojia wa Uingereza, Peter Wason, alieleza jaribio la kadi nne. Kila kadi ina herufi upande mmoja na namba upande wa pili. Mezani zinaonekana E, K, 4 na 7. Kanuni yasema: kadi yenye irabu upande mmoja ina namba shufwa upande wa pili. Mtu aulizwa: utafunua kadi zipi ili ujue kama kanuni hiyo ni kweli au uongo? Wengi hufunua E na 4, au E peke yake. Jibu sahihi ni E na 7, kwa kuwa 7 ikikutwa na irabu nyuma yake, kanuni imevunjika. Ile 4 haiwezi kuivunja kanuni hata ukiifunua mara mia. Basi binadamu akiwa peke yake hukimbilia kadi za kumthibitishia aliloambiwa, na huiacha ile ambayo ingelikanusha.

Lakini habari haikuishia hapo. Mwaka 1998 watafiti wa Marekani walilirudia jaribio hilo kwa namna mbili. Waliofikiri peke yao walifaulu chini ya mmoja katika kumi. Waliokaa katika vikundi vidogo, wakabishana na kudaiana sababu, walifaulu karibu vikundi vitatu katika kila vinne. Akili zilikuwa zile zile za wanafunzi. Kilichozidi ni kwamba kila mmoja alikuwa na mwenzake wa kumwuliza, "Kwa nini wasema hivyo?"

Wataalamu wawili wa Ufaransa, Hugo Mercier na Dan Sperber, walitoa mwaka 2011 nadharia inayoyaeleza mambo haya. Walisema kwamba uwezo wa kutoa hoja haukukua ndani ya binadamu ili akae faraghani ategue mafumbo ya dunia. Ulikua ili awashawishi wenzake, na ayapime maneno ambayo wenzake wanamshawishi nayo. Ndiyo maana tu wavivu wa kuzipima hoja zetu wenyewe, na wakali wa kuzipima za wengine. Kinyozi hajinyoi. Kosa langu utaliona wewe, na lako nitaliona mimi, mradi tuwe tumekaa baraza moja na kila mmoja ana ruhusa ya kusema.

Wazee wetu wa Kidigo waliijua nguvu ya jambo hili walipokutana katika ngambi. Shauri lilisikizwa pande zote kabla ya kukatwa. Upungufu ulikuwapo, maana mwanamke na kijana hawakuwa na sauti sawa na ya mzee. Ila msingi ulikuwa sahihi: penye wazee haliharibiki neno, kwa sababu neno hupita katika masikio mengi kabla halijawa hukumu.

Sasa ndugu wananchi, tuingie katika siasa, kwani hapo ndipo ruhusa ya kusema hunyang'anywa.

Katika miaka ya 1950 mtaalamu mwingine, Solomon Asch wa Marekani, alimkalisha mwanafunzi mmoja katikati ya kundi la watu. Waliulizwa ni mstari upi kati ya mitatu unaolingana na mstari wa mfano. Jibu lilionekana wazi kwa macho. Lakini wale wenzake walikuwa wamepangwa kabla watoe jibu la uongo, tena kwa sauti, mmoja baada ya mwingine. Zamu ya mwanafunzi ilipofika, karibu robo tatu ya waliojaribiwa walikubaliana na uongo huo angalau mara moja. Asch akabadili mambo mawili. Alipomweka mtu mmoja tu wa kusema kweli pamoja na mwanafunzi, makosa yalipungua mno. Alipomruhusu mwanafunzi aandike jibu lake kwa siri, makosa yalipungua vilevile.

Nanyi wenye umri, je, hayo hayawakumbushi kitu? Mwaka 1982 Katiba ya Kenya iliingizwa kifungu cha 2A, ikawa hakuna chama kinachoruhusiwa ila KANU. Mwaka 1986 chama hicho kikapitisha upigaji kura wa mlolongo, na mwaka 1988 ukatumika katika uteuzi wa wagombea ubunge. Mwananchi alisimama mchana kweupe nyuma ya mgombea au picha yake, mbele ya chifu, mbele ya mwajiri wake, mbele ya aliyemkopesha. Mgombea aliyepata asilimia 70 au zaidi alihesabiwa kuwa amepita bila kupingwa, na kura ya siri haikupigwa tena mahali pake. Palizuka malalamiko mengi kwamba milolongo mifupi ilitangazwa kuwa mirefu. Hata pasipo wizi wowote, mpango wenyewe ulikuwa umeyaondoa mambo yale mawili yanayoilinda akili ya mtu: mwenzake wa kusema kweli pamoja naye, na siri ya jibu lake.

Kwa hiyo waliopigania mageuzi, waliokamatwa, na waliopigwa siku ya Saba Saba mwaka 1990, walidai zaidi ya viti vya Bunge. Walidai masharti ambayo bila hayo taifa haliwezi kufikiri. Mlolongo uliachwa mwishoni mwa mwaka 1990, na kifungu cha 2A kikafutwa Desemba 1991. Katiba ya mwaka 2010, katika kifungu cha 38, inampa kila raia mtu mzima haki ya kupiga kura ya siri. Kura ya siri na chama cha upinzani hatukupewa kama zawadi ya wanasiasa. Ni vifaa vya fikra ya umma.

Lakini tusijidanganye kwamba wingi wa vyama unatosha. Sisi wa pwani ya kusini tumelipa gharama ya kulijua hilo. Tarehe 13 Agosti 1997, miezi minne na nusu kabla ya uchaguzi mkuu, kituo cha polisi cha Likoni kilishambuliwa, na ghasia zikaenea mpaka Kwale. Watu zaidi ya mia moja waliuawa, na maelfu kwa maelfu walikimbia makwao. Wengi wa waliolengwa walikuwa watu wa bara. Tume ya Akiwumi, iliyoundwa mwaka 1998, iliyachunguza mambo hayo.

Tuitazame hoja iliyotumiwa kuwavuta vijana. Sehemu yake ya kwanza ilikuwa kweli: watu wa hapa waliitwa maskwota katika ardhi ya babu zao, viwanja vya ufuoni viligawiwa wenye vyeo, na vijana hawakupata kazi. Sehemu ya pili ikasema: basi umwondoe jirani yako aliyetoka bara. Hiyo haikutokana na ile. Mwuza mboga wa Ukunda hakuwa ameshika hati ya kiwanja cha mtu yeyote. Kweli moja ilichukuliwa, ikafungiwa uongo mmoja, na mzigo wote ukauzwa kwa bei ya ile kweli.

Kwa nini hapakuwa na aliyeuliza? Kwa sababu hoja hiyo haikuletwa barazani. Ilipelekwa msituni, usiku, ikafungwa kwa kiapo. Hoja inayodai kiapo kabla ya kuulizwa swali inalikimbia swali. Matokeo mnayajua: wageni walitoroka Diani, hoteli zikafungwa, kazi zikapotea hata kwa wenyeji, vijana wakakamatwa na kuteswa, na ardhi ikabaki mikononi mwa wale wale.

Tazameni sasa kinyume chake. Ndugu zetu Wamakonde, ambao wazee wao walitoka Msumbiji zama za ukoloni kuja kufanya kazi katika mashamba ya katani na miwa, waliishi Kwale kwa vizazi bila uraia. Hoja iliyowafungia mlango ilizunguka kama ngamia wa kinu: hawana kitambulisho kwa kuwa si Wakenya, na si Wakenya kwa kuwa hawana kitambulisho. Oktoba 2016 walitembea kwa miguu kutoka Kwale kwenda Nairobi, wakaisema haja yao mbele ya taifa zima. Wakazaliwa swali moja tu: mtu aliyezaliwa hapa, na wazazi wake wamezaliwa hapa, ni wa wapi? Jibu la haki lilikuwa moja. Walitambuliwa kuwa raia, wakapewa vitambulisho, na mwaka 2023 Wapemba wa pwani yetu nao wakatambuliwa. Hapakumwagwa damu, wala hakuna jirani aliyefukuzwa.

Basi nawaachia mambo matatu ya kutenda. Kwanza, mkiletewa hoja na mwanasiasa yeyote, hata wa chama mnachokipenda, itafuteni ile kadi ya saba: ulizeni ni jambo gani likionekana litaonyesha kwamba hoja hiyo si kweli. Asiyekuwa na jibu msimfuate. Pili, katika mikutano ya kijiji, kamati za shule na mashauri ya bajeti ya kaunti, mpeni nafasi anayepinga, naye awe mwanamke, kijana au mgeni. Msimzomee, huenda anawanyoa pale ambapo mikono yenu haifiki. Tatu, msiapie jambo ambalo hamkuruhusiwa kulijadili.

Nchi yetu ilipata vyama vingi kwa jasho na damu. Ila chama kimoja chaweza kurudi bila kubadilisha Katiba, tukiwa na kadi za vyama kumi mifukoni na woga mmoja vifuani. Mlinzi wa mageuzi ni yule mwananchi anayethubutu kusema barazani, "Sikubaliani, na sababu yangu ni hii," pamoja na wenzake wanaokaa kimya mpaka amalize.