Hadithi za Wayunani na Kalamu ya Karani
(Hotuba iliyosomwa mbele ya wanachama)



 Katika mkutano uliopita ndugu mmoja alisema ya kwamba ukarani ni kazi isiyoacha alama: mtu huandika mchana kutwa, majalada hufungwa kwa kamba, na mwisho wake huwa chakula cha mchwa. Tulicheka sote, lakini neno lile lilinichoma. Jibu lake nimelipata mahali nisipopatazamia, yaani katika hadithi za miungu na mashujaa wa Wayunani wa kale.

Wengi wenu mlizisoma shuleni. Yasimuliwa kuwa katika kisiwa cha Krete alitawala mfalme jina lake Minos. Fundi hodari, Daedalus, alimjengea jumba lenye vichochoro vingi hata aingiaye asiweze kutoka, nalo liliitwa Labirinti. Ndani yake alifungiwa Minotaur, mwenye kichwa cha ng'ombe dume na mwili wa binadamu. Watu wa Athene walitozwa kodi ya wavulana 7 na wasichana 7, waliwe na mnyama yule. Ndipo Theseus, mwana wa mfalme wa Athene, alipojitoa nafsi yake kwenda pamoja nao. Ariadne, binti Minos, akampenda, akampa donge la uzi. Theseus akaufunga uzi mlangoni, akaingia, akamwua Minotaur, akatoka kwa kuufuata uzi ule ule. Walakini aliporudi kwao alisahau kutweka tanga jeupe, ishara ya salama aliyoagana na babaye. Mzee alipoona tanga jeusi likija, alijitupa baharini akafa.

Kwa muda mrefu wenye elimu wengi waliyahesabu mambo haya kuwa ngano tupu. Hata mwaka 1900 Mwingereza Arthur Evans alianza kuchimba Knossos katika Krete, akafukua jumba kubwa lenye vyumba na vipito vingi ajabu, na picha za ng'ombe dume kutani. Humo aliokota vibao vya udongo vyenye mwandiko asioweza mtu kuusoma. Mwaka 1939 Mwamerika Carl Blegen alipochimba Pylos, kusini-magharibi mwa Ugiriki, alivikuta vibao vingine vya mwandiko huo, mamia kwa mamia.

Ndipo ilipofanyika kazi ambayo karani ye yote angeitambua. Bibi Alice Kober, mwalimu wa chuo katika New York, aliandika alama zile moja moja katika vikadi, akilinganisha kila alama na nyenziwe. Karatasi zilipokuwa haba wakati wa vita, alikata vikadi vyake katika karatasi zilizokwisha tumika, akavipanga katika makasha ya sigara. Alikufa mwaka 1950 kabla ya kuona mwisho wake. Miaka 2 baadaye, mwaka 1952, Mwingereza Michael Ventris, mchora ramani za majumba, alitangaza kwamba lugha ya vibao ni Kiyunani chenyewe, kilichoandikwa zaidi ya miaka 3,000 iliyopita.

Je, mlimwandikwa nini? Waliotumaini nyimbo za mashujaa hawakuzipata. Zilikuwa hesabu za serikali! Idadi ya kondoo, mitungi ya mafuta, magurudumu ya magari ya vita, wafua shaba na uzito wa shaba aliyopewa kila mmoja, wanawake wasagao nafaka, pamoja na watoto wao, wapiga makasia, na kodi iliyobaki bila kulipwa. Wakuu wenu wa idara wangezielewa mara moja.

Na humo katika hesabu wamo miungu. Zeus, Hera, Poseidon na Hermes wameandikwa kila mmoja na sadaka yake. Wataalamu wengi walikuwa wakifundisha kwamba Dionysus, mungu wa divai, aliingia Uyunani nyuma sana. Jina lake likaonekana katika vibao vya Pylos, na vitabu vikapaswa kusahihishwa. Katika kibao kimoja cha Knossos yameandikwa matoleo mawili: mtungi wa asali kwa miungu yote, na mtungi wa asali kwa yule ambaye wataalamu wengi humsoma kuwa Bibi wa Labirinti. Sisemi kwamba jambo hili lathibitisha kuwa Theseus aliishi. Nasema kwamba jina tulilodhani ni la hadithi tu, karani alikuwa amekwisha kuliandika alipohesabu asali.

Lakini kibao kinipendezacho kupita vyote ni kimoja cha Pylos. Kuhani mwanamke, Eritha, alikuwa na shamba. Yeye adai kwamba analishika kwa haki ya pekee, kwa ajili ya mungu. Wenyeji wasema sivyo, bali analitumia kama wengine watumiavyo sehemu za ardhi ya wote. Karani aliandika dai la kuhani, na chini yake akaandika neno la wenyeji. Eritha alikuwa mtu mkubwa, naye angaliweza kuandika la kwake tu akanyamaza.

Jina la karani yule halijulikani. Wataalamu huwatambua makarani wale kwa mwandiko wa mikono yao, wakawapa namba. Wala vibao havikukusudiwa kudumu. Vilikuwa udongo mkavu usiochomwa, wa hesabu za mwaka tu. Jumba la Pylos lilipoteketea, moto ulioharibu kila kitu uliviokea vibao hata vikawa vigumu kama matofali.

Ndugu zangu, hatuwezi kuchagua ni karatasi ipi ya kwetu itakayosalia, wala ni nani atakayeisoma. Twaweza kuchagua jambo moja tu: kwamba mtu mnyonge ajapo mezani petu na neno lake, neno hilo liandikwe kama alivyolisema, chini ya neno la mkubwa. Hilo ndilo jibu langu kwa ndugu yetu wa mchwa.