BARUTU, MAFUTA YA TAA NA ROKETI YA MALINDI

(Maneno ya hotuba aliyoitoa katibu wetu wa vijana mbele ya wanachama, katika darasa la jioni.)



Juma lililopita, hapa hapa barazani, kijana mmoja alisema neno lililonichoma. Tulikuwa tukikitaja chombo kiitwacho Uhuru, kilichorushwa angani kutoka bahari ya Malindi tarehe 12 Desemba, 1970. Kijana akasema, "Ah, ile ilikuwa fataki tu. Roketi za kweli hutumia haidrojeni. Waafrika wakaletewa barutu." Watu wakacheka. Mimi sikucheka, lakini jibu pia sikuwa nalo. Nimekwenda kusoma, na leo nimekuja kulipa deni.

Kwanza tuelewane juu ya moto. Mama akilifunika jiko la mkaa, moto hufa, kwa sababu mkaa peke yake hauwaki, wataka hewa. Huko juu roketi iendako hapana hewa. Basi hubeba vyote viwili: kitu cha kuungua, na oksijeni ya kukiunguza. Tena mzigo mkubwa ni oksijeni yenyewe. Kwa kila kilo moja ya mafuta ya taa, roketi huchukua zaidi ya kilo 2 za oksijeni, iliyopozwa mpaka ikawa kama maji, kwa baridi ya digrii 183 chini ya sifuri. Moshi wa moto ule hutoka nyuma kwa nguvu, na roketi husukumwa mbele. Kadiri moshi utokavyo mbio zaidi, ndivyo kilo moja ya mafuta ifanyavyo kazi kubwa zaidi.

Kwa kipimo hicho kijana wetu ana haki. Haidrojeni yawashinda wenzake wote wanaotumika, na barutu iko mkiani. Lakini injinia haulizi swali moja tu.

Chukueni debe letu la lita 20. Lijazeni mafuta ya taa: mtabeba kilo 16 hivi. Lijazeni haidrojeni iliyogeuzwa maji: haitimii kilo moja na nusu! (Kicheko.) Naam, debe zima. Na haidrojeni hiyo yataka baridi ya digrii 253 chini ya sifuri, la sivyo huchemka ikatoroka. Kwa hiyo nguvu ile yahitaji tangi kubwa mno, na tangi nalo lina uzito wake.

Wamarekani walipokwenda mwezini mwaka 1969 waliijua hesabu hiyo. Roketi yao, Saturn V, ilikuwa na vipande vitatu vilivyopandana. Cha chini, chenye kazi ya kuinua mzigo wote kutoka ardhini, kilitumia mafuta ya taa. Yalikuwa yamesafishwa sana, lakini ni ndugu wa haya tutiayo katika vibatari. Yalikuwa yapata lita 770,000, nayo yaliteketea kwa muda wa dakika mbili na nusu hivi. Viwili vya juu vilitumia haidrojeni, maana huko kila kilo iliyopunguzwa ilikuwa na thamani.

Na kule mwezini kwenyewe? Chombo cha kuwaondoa wale watu wawili hakikuwa na mafuta ya taa wala haidrojeni. Kilikuwa na dawa mbili za maji, zenye sumu kali, ambazo zikigusana tu huwaka zenyewe bila kiberiti. Hazihitaji baridi ile ya kutisha. Nguvu zake ni hafifu kuliko za haidrojeni. Lakini injini ya kuondokea ilikuwa moja tu, haina ya akiba. Isipowaka, watu wangefia kule. Ewe kijana, ungechagua nini?

Na dawa za namna hiyo zimekwisha kuua. Tarehe 24 Oktoba, 1960, katika kituo cha Baikonur cha Wasovieti, roketi ya kivita iliyojazwa dawa kama hizo iliwaka ghafula, mafundi wakiwa bado wanaishughulikia. Walikufa watu wengi, na mkuu wao, Marshali Nedelin, alikuwa miongoni mwao.

Sasa twende Malindi. Roketi iliyokichukua Uhuru iliitwa Scout, na vipande vyake vyote vinne vilikuwa vya barutu. Msidhani ni barutu ya gobore. Barutu ya roketi kwa kawaida ni chumvi yenye oksijeni ndani yake, na unga wa aluminiamu, na kitu kama mpira cha kuvishikamanisha. Huchanganywa kama kinyunya, ikamiminwa ndani ya bomba, ikaganda. Haichemki, haitoroki, haitaki pampu wala mabomba. Hukaa tayari.

Fikirini basi: jukwaa la chuma lililosimama baharini katika ghuba ya Ungwana, jua kali, chumvi ya bahari, na kila kitu kufikishwa hapo kwa chombo. Nani angekwenda kujenga mitambo ya kupoza haidrojeni mahali kama hapo, kwa ajili ya mzigo wa kilo 140 hivi? Maana huo ndio uzito wa Uhuru. Tena Wamarekani waliirusha Scout hiyo hiyo kwao, kule Wallops katika jimbo la Virginia. Na manowari zao zilibeba makombora ya barutu kwa sababu ile ile, yakae tayari. Basi hatukuletewa fataki. (Makofi.)

Lakini tusijidanganye kwa upande wa pili. Roketi ile haikuwa yetu. Chombo ni cha Wamarekani, warushaji ni Waitalia, nao walikuja Malindi kwa kuwa iko karibu na ikweta, ambako mzunguko wa dunia huisaidia roketi kwa kasi ya kilometa 1,600 na zaidi kwa saa. Jina alilitoa Bibi Marjorie Townsend, mkuu wa kazi ile kwa upande wa Marekani, kwa kuwa siku hiyo Kenya ilitimiza miaka 7 ya uhuru wake. Chombo kile kilitambua vyanzo zaidi ya 300 vya miali ya eksirei angani, na Bwana Riccardo Giacconi, aliyeiongoza elimu hiyo, alipata Tuzo ya Nobel mwaka 2002.

Na ubaya wa barutu sitauficha. Ikishawashwa, hapana wa kuizima. Tarehe 28 Januari, 1986, asubuhi ya baridi kali huko Florida, kiungo cha roketi moja ya barutu iliyokuwa ubavuni mwa chombo Challenger kilivuja moto. Baada ya sekunde 73 chombo kikavunjika. Walikufa watu 7, na mmoja wao alikuwa mwalimu wa shule, Bibi Christa McAuliffe. Nami niliyesomea ualimu siwezi kulipita jina hilo upesi.

Kijana wangu namwona pale nyuma. Ananyosha mkono tangu zamani. Najua ataka kuniuliza juu ya methani, ambayo Wachina walikuwa wa kwanza kufika nayo katika mzunguko wa dunia, mwezi Julai 2023. Hayo na yangoje juma lijalo, maana usiku umeingia, na taa hii nayo yataka mafuta. (Kicheko na makofi.)