Manowari za Makombora na Mkulima wa Alizeti

(Mazungumzo yaliyotayarishwa kwa ajili ya walimu na watumishi wa Serikali wa Mkoa wa Singida)



Mkoa wa Singida hauna bahari. Maji makubwa yaliyo karibu na mji ni ya maziwa ya Singidani na Kindai, nayo ni maji ya chumvi yasiyo na meli. Kwa hiyo huenda mtu akashangaa kusikia kwamba mazungumzo ya leo yanahusu manowari za makombora za Muungano wa Kisovieti na za Urusi iliyoufuata. Mshangao huo una haki yake. Hata hivyo, manowari kubwa zimekwisha kuingia katika maisha ya watu wa mkoa huu mara mbili, na mara zote mbili wenyeji hawakuulizwa.

Mara ya kwanza ilikuwa wakati wa Vita Kuu ya Kwanza. Manowari ya Kijerumani iliyoitwa Königsberg ilifika Dar es Salaam mwezi Juni 1914. Tarehe 20 Septemba ya mwaka huo iliizamisha manowari ya Kiingereza, Pegasus, katika bandari ya Unguja. Kisha ikajificha katika mikono ya mto Rufiji mpaka ilipoangamizwa tarehe 11 Julai 1915. Lakini Wajerumani hawakuiacha mizinga yake. Yote 10 iling'olewa ikapelekwa bara. Mmoja ulifungwa juu ya meli Graf von Götzen katika Ziwa Tanganyika, meli ile ile ambayo baadaye ilijulikana kwa jina la Liemba. Reli ya Kati ilikuwa imekwisha kufika Kigoma mwaka 1914, na njia yake ni Manyoni na Itigi. Mizinga mingine ya manowari hiyo ilinguruma Kondoa mwaka 1916 dhidi ya majeshi yaliyotoka Afrika Kusini. Pale pasipokuwa na reli, mizinga hiyo ilivutwa na wapagazi wa Kiafrika, mamia ya watu kwa mzinga mmoja, katika vita isiyokuwa yao.

Königsberg ilikuwa ya aina ambayo mabaharia wa Ulaya huiita kruza: manowari yenye mbio, yenye uwezo wa kukaa baharini muda mrefu bila kurudi nyumbani, na yenye silaha za kutosha kutisha bandari nzima. Kazi yake kubwa ni kulinda au kukata njia za biashara za baharini. Jambo hilo yafaa likumbukwe, maana ndilo linalounganisha mazungumzo haya na alizeti.

Baada ya vita vya 1939 hadi 1945, Muungano wa Kisovieti ulijikuta na adui mpya, Marekani, aliyekuwa na manowari za kubeba ndege ambazo Moscow haikuwa nazo. Kuziunda kungehitaji fedha nyingi na miaka mingi. Nikita Khrushchev hakuzipenda hata kruza za mizinga. Aliziona ni mali ya zama zilizopita, na kadhaa zilivunjwa kabla hazijamalizika. Admirali Sergei Gorshkov, aliyeongoza jeshi la majini kuanzia 1956 hadi 1985, alilazimika kutafuta njia nyingine. Njia hiyo ilikuwa kombora.

Sababu yake ni nyepesi kueleweka. Mzinga mkubwa kabisa wa manowari ulikuwa ukifikisha risasi yake kilomita 40 hivi. Kombora, kwa kuwa lina injini yake lenyewe, huruka mamia ya kilomita. Mwezi Desemba 1962 iliingia kazini Grozny, iliyoundwa Leningrad, ya kwanza kati ya manowari 4 za aina yake. Ilikuwa na mitutu 8 ya makombora ya kupiga meli, nayo haikuwa kubwa: tani 5,500 hivi. Dunia iliona maana ya silaha hiyo tarehe 21 Oktoba 1967, wakati mashua ndogo za Misri, zikitumia makombora madogo zaidi ya Kisovieti, zilipoizamisha manowari ya Israel, Eilat, karibu na Port Said. Mabaharia 47 walikufa. Kuanzia siku hiyo hapakuwa na jeshi la majini lililolala usingizi mzuri.

Yapo hata hivyo matatizo ambayo kombora haliyaondoi, na mwalimu wa jiografia atayatambua mara moja. Dunia ni mviringo. Rada ya manowari haioni meli iliyo nyuma ya upeo wa macho, na upeo huo uko makumi machache tu ya kilomita. Kombora la kufika kilomita 250 au 500 lahitaji jicho jingine: ndege, helikopta au setilaiti ya kuionyesha shabaha. Manowari ya makombora bila jicho hilo ni kama mtu mwenye mkuki mrefu usiku wa kiza. Kwa ajili hiyo kila kruza ya Kisovieti ilidai nyuma yake ndege, viwanja, mitambo ya mawasiliano, na mahali pa kutia mafuta na kutengenezea. Hapo ndipo Afrika Mashariki ilipoingizwa.

Mwaka 1968, baada ya Uingereza kutangaza kwamba itaondoa majeshi yake mashariki ya Suez, manowari za Kisovieti zilianza kuonekana mara kwa mara katika Bahari ya Hindi. Marekani nayo ilikuwa imekwisha kupatana na Uingereza, mwaka 1966, juu ya kisiwa cha Diego Garcia; wenyeji wa visiwa vya Chagos walihamishwa kwa nguvu kati ya 1968 na 1973 ili nafasi yao ichukuliwe na kambi. Wasovieti wakapata Berbera, nchini Somalia. Mwaka 1977 vita vya Ogaden vilipoanza, Moscow iliiunga mkono Ethiopia, na mwezi Novemba Siad Barre akawafukuza. Bandari haikukaa muda mrefu bila mgeni. Mwaka 1980 Marekani ilipewa ruhusa ya kuitumia Berbera ile ile, na mwaka huo huo ikapatana na Kenya kuhusu matumizi ya Mombasa. Gati moja, katika miaka mitatu, ilibadili bendera ya kirafiki inayoikaribisha. Wachukuzi wa bandarini walibaki wale wale.

Msimamo wa Tanzania katika jambo hili ulikuwa wazi. Ceylon, ambayo sasa ni Sri Lanka, ililipeleka suala hili Umoja wa Mataifa, na Tanzania ikaungana nayo. Tarehe 16 Desemba 1971 Baraza Kuu lilipitisha Azimio namba 2832 la kuitangaza Bahari ya Hindi kuwa eneo la amani. Kura za kukubali zilikuwa 61. Hakuna aliyekataa. Lakini nchi 55 hazikupiga kura upande wowote, na miongoni mwao zilikuwamo Marekani, Uingereza, Ufaransa na Muungano wa Kisovieti wenyewe. Mahasimu waliokuwa hawapatani juu ya jambo lo lote duniani walipatana kunyamaza. Mkutano wa kulitekeleza azimio hilo ulitazamiwa kufanyika Colombo mwaka 1981; haukufanyika.

Wakati huo huo manowari ziliendelea kukua. Mwishoni mwa 1980 iliingia kazini Kirov, yenye nguvu za nyuklia, urefu wa mita 250 hivi na makombora 20 makubwa ya kupiga meli. Ziliundwa 4 tu za aina hiyo. Ya mwisho, Pyotr Velikiy, ilimalizika mwaka 1998, wakati nchi iliyoianzisha ilikuwa imekwisha kutoweka. Nyingine, Admiral Nakhimov, ilikaa karakanani tangu 1999 na ikaanza majaribio baharini tena mwaka 2025. Hesabu ya gharama za miaka hiyo yote yafaa iachiwe wahasibu wa Kirusi.

Pyotr Velikiy imewahi kufika karibu na pwani hizi. Mwezi Februari 2009, karibu na kisiwa cha Socotra, iliwakamata maharamia 10 wa Kisomali waliokuwa katika mashua 3. Hapana anayewatetea maharamia. Lakini ni vigumu kutoyatazama mambo hayo kwa vipimo vyake: mtambo wa nyuklia na makombora 20 upande mmoja, na vijana 10 wenye bunduki upande mwingine. Na asidhani mtu kwamba kasoro ni ya Warusi peke yao. Tarehe 3 Julai 1988 kruza ya makombora ya Marekani, Vincennes, iliitungua ndege ya abiria ya Iran katika Ghuba, ikaua watu 290. Rada ilikuwa ya kisasa kabisa. Waliokuwa wakiisoma walikosea.

Sasa yafika zamu ya mkulima wa alizeti.

Pamoja na zile kubwa za nyuklia, Wasovieti walitengeneza aina nyingine ya bei nafuu zaidi, isiyo ya nyuklia. Ya kwanza iliwekewa mkuku mwaka 1976 katika mji wa Nikolayev, ambao kwa Kiukraine ni Mykolaiv. Jina lake la kwanza lilikuwa Slava, maana yake utukufu. Baadaye ikaitwa Moskva. Ilikuwa na urefu wa mita 186 na uzito wa tani 11,500 hivi. Juu ya sitaha, 8 kila ubavu, yalipangwa makombora 16, kila moja lenye uzito wa karibu tani 5 na urefu unaopita chumba cha darasa. Yalikusudiwa kuzipiga manowari za kubeba ndege za Marekani, kazi ambayo hayakuwahi kuifanya hata siku moja. Zilimalizika 3 tu za aina hiyo. Ya nne ilibaki Mykolaiv bila kukamilika, mali ya Ukraine, baada ya Muungano kuvunjika mwaka 1991.

Tarehe 24 Februari 2022 Urusi iliivamia Ukraine, na Moskva, ikiwa ndiyo manowari kuu ya Urusi katika Bahari Nyeusi, ilitumwa upande wa Odesa. Siku ile ile ilishiriki kukiteka Kisiwa cha Nyoka. Bandari za Ukraine zikafungwa. Hapa kruza ilikuwa imeirudia kazi ya babu zake, ile ya Königsberg: kukata njia ya biashara.

Katika biashara hiyo mlikuwamo mafuta ya alizeti. Kabla ya vita Ukraine ilikuwa ikiuza nje mafuta hayo kuliko nchi yo yote, na pamoja na Urusi zilitoa zaidi ya nusu ya yote yaliyouzwa katika soko la dunia. Mwezi Machi 2022 kipimo cha bei za mafuta ya mimea cha Shirika la Chakula na Kilimo la Umoja wa Mataifa kilifika juu kuliko wakati wo wote tangu kianze kuwekwa. Mtu aliyenunua chupa ya mafuta ya kupikia katika duka la Iramba au Ikungi mwaka huo alilipa sehemu ya gharama za vita ile, ingawa hakuna aliyemwandikia stakabadhi.

Tanzania haikuwa imejitosheleza. Mwaka 2021 mahitaji ya mafuta ya kula nchini yalikadiriwa kuwa tani 570,000 kwa mwaka, na uzalishaji haukufika nusu yake. Ndiyo sababu Serikali, katika mwaka huo huo, kabla kombora lo lote halijarushwa Bahari Nyeusi, iliichagua mikoa ya Singida, Dodoma na Simiyu iongoze kampeni ya alizeti. Uamuzi ulikuwa wa busara. Wakulima waliitikia, walilima, na bei ya juu ya 2022 iliwapa moyo wa kulima zaidi.

Moskva haikuliona jua la mwezi Mei mwaka huo. Usiku wa tarehe 13 Aprili Ukraine ilitangaza kwamba imeipiga kwa makombora mawili ya Neptun yaliyorushwa kutoka nchi kavu. Urusi ilisema ni moto na mlipuko wa silaha zilizokuwa ndani yake. Tarehe 14, ikikokotwa, ilizama. Urusi ilikiri kifo cha baharia mmoja na kupotea kwa 27. Kombora la Neptun asili yake ni kombora la Kisovieti la miaka ya 1980. Kwa hiyo meli iliyoundwa na mikono ya mafundi wa Mykolaiv ilizamishwa na taifa la mafundi hao hao, kwa elimu iliyotoka katika nyumba moja.

Baadhi ya vijana walishangilia habari hizo, wengine walihuzunika, kila mmoja akiwa na upande wake kama katika mpira. Tabia hiyo haifai kwa raia wa nchi isiyofungamana na upande wo wote. Mwalimu anayeulizwa darasani nani alishinda siku ile ana haki ya kujibu kwa kuuliza bei ya debe la mbegu.

Maana bei hiyo haikukaa juu. Mwezi Julai 2022 yalifikiwa mapatano ya Istanbul ya kufungua njia ya nafaka katika Bahari Nyeusi, na mafuta yakaanza kutoka tena. Bei za dunia zikashuka. Hapa nyumbani zilikuwa zimechukuliwa hatua za kumpunguzia mlaji makali, zikiwa pamoja na nafuu ya kodi, na mafuta ya nje yakaingia. Mlaji alipata ahueni, naye alistahili. Lakini mkulima aliyepanua shamba kwa kutazama bei ya 2022 alivuna mwaka 2023 akakuta mbegu yake haitafutwi. Malalamiko yalifika Bungeni, na wasindikaji wadogo wa mkoa huu wakalalamika pamoja naye.

Afisa wa kilimo hawezi kuizuia manowari isitie nanga mbele ya Odesa. Anaweza kumweleza mkulima, kabla ya jembe la Novemba, kwamba bei ya msimu uliopita ilitokana na bandari iliyofungwa, na kwamba bandari ile imefunguliwa. Mwaka 2022 habari hizo zilikuwamo magazetini na redioni tangu mwezi Julai, miezi minne kabla ya kupanda.