Stima Ikipotea Jiko la Peleti Likiwaka

(Maelezo yaliyotolewa kwa wakazi katika baraza la wananchi)



Jiko la peleti linapendwa kwa sababu halitoi moshi mwingi. Peleti ni unga wa mbao au masalio ya mimea yaliyoshindiliwa yakawa vipande vidogo vigumu. Lakini usafi wa jiko hili hutegemea feni yake. Peleti zikishika moto hutoa gesi. Feni husukuma hewa, na gesi hiyo huungua kabla ya kuwa moshi.

Sasa stima inapotea saa mbili usiku, ugali haujaiva. Feni inasimama, lakini peleti hazizimiki. Zinaendelea kufuka, na nyumba inajaa moshi pamoja na gesi ya kaboni monoksidi. Gesi hii haionekani wala hainuki. Aliyelala huenda asiamke.

Jambo la kwanza, milango na madirisha yafunguliwe na watoto watolewe nje. Peleti zisiongezwe. Maji yasimwagwe kwenye jiko lenye moto, kwani mvuke huunguza. Ikiwa mishikio haijapata moto, mtu mzima alitoe jiko nje na kuliweka mahali tambarare, mbali na nyasi, hadi lizimike. Ikiwa halishikiki, watu watoke, jiko libaki.

Mtu akiumwa na kichwa, akihisi kizunguzungu, kichefuchefu au kulegea, apelekwe penye hewa safi mara moja, kisha hospitalini. Msaada wa dharura hupatikana kwa nambari 999 au 112.

Maandalizi hufanywa stima ikiwepo. Feni hutumia umeme kidogo, kwa hivyo majiko mengine huja na betri inayochajiwa kwa stima au sola. Betri hiyo ijazwe kila siku na ijaribiwe kabla ya kuwasha moto. Asiye na betri asiwashe jiko la feni wakati stima inapotea mara kwa mara. Atumie jiko lingine, penye hewa ya kutosha.

Tena, usiku wa baridi, jiko la makaa lisiingizwe chumbani kuota moto, wala jenereta isiwashwe ndani ya nyumba. Zote mbili hutoa gesi ile ile.

Ugali unaweza kupikwa tena kesho. Uhai hauna kesho nyingine.