Miaka 12 ya Kudai Shamba

Chukueni mfano wa mtu mwenye shamba la eka 5 upande wa Nakuru, naye kazi yake i Mombasa. Hati ya kumiliki ameifungia sandukuni, na kwa sababu hiyo moyo wake umetulia. Huku nyuma jirani anasogeza ua, analima, anajenga nyumba, hata anazika wazee wake hapo. Mwenye hati anarudi na mvi kichwani, anaambiwa shamba si lake tena. Je, sheria yaweza kulikubali neno hilo? Yaweza.

Sheria ya Kenya humpa mwenye ardhi miaka 12 ya kumshtaki mtu aliyeitwaa ardhi yake. Muda huo ukiisha, yule akaaye aweza kuiomba Mahakama ya Mazingira na Ardhi iamuru jina lake liandikwe katika daftari mahali pa jina la mwenyewe. Hata shamba likiuzwa katikati ya muda huo, hesabu ya miaka haianzi upya. Lakini ardhi ya Serikali haipatikani kwa njia hii, ingawa wako wanaojaribu.

Wengi huona jambo hili ni wizi mtupu. Basi na watazame mzigo aliotwikwa mdai. Lazima athibitishe kwamba alikaa waziwazi, mfululizo, bila kutumia nguvu na bila ruhusa ya mwenyewe. Hapo penye ruhusa ndipo mashauri mengi yaangukapo. Aliyeambiwa, "Lima tu, ndugu yangu, mpaka nitakaporudi," amekaa kwa hisani, na miaka yake haihesabiwi maadamu hisani ile haijaondolewa. Kadhalika mpangaji alipaye kodi. Kwa hiyo kipande cha stakabadhi, au barua fupi yenye sahihi za mashahidi wawili, chaweza kuokoa shamba zima. Lakini watu huona haya kumwandikisha ndugu yao.

Tena wako wanaodhani kwamba barua ya onyo yatosha. Haitoshi. Mwaka 1984 Mahakama ya Rufani ilieleza kwamba hesabu ya miaka hukatizwa mwenye ardhi anapofungua shauri, au anapoingia na kuishika ardhi yake hasa. Onyo peke yake halikatizi kitu.

Kuingia huko kusifikiriwe kuwa ni kukodi vijana wenye mapanga wabomoe nyumba usiku. Tangu mabadiliko ya sheria ya mwaka 2016, mwenye ardhi atakaye kumwondoa mtu aliyeingia bila idhini yampasa ampe notisi ya maandishi isiyopungua miezi 3. Naye aliyepewa notisi aweza kwenda mahakamani kabla muda haujaisha, na hakimu aweza kuithibitisha, kuifuta au kuiahirisha. Aichomaye notisi ile jikoni amejinyima nafasi ya kusikilizwa.

Mdai aombaye ardhi kwa miaka 12 yampasa alete hati ya kiapo, pamoja na nakala ya daftari la ardhi iliyothibitishwa na msajili. Wengine hufika na mashahidi kumi, wazee watupu, wakaisahau nakala hiyo. Na yule mwenye shamba aliye Mombasa yamfaa aanze kwa kuuliza jirani aliingia mwaka gani, na aliingia kwa neno la nani.