Siku 45: Nani Anasikilizwa Anapopinga Uamuzi wa Ajira ya Umma



Naanza na mtumishi mnayemfahamu wote: mtendaji wa kijiji hapa Tanzania. Kijiji hakimwajiri wala hakiwezi kumfukuza. Mamlaka yake ya ajira na nidhamu ni Mkurugenzi Mtendaji wa Halmashauri ya Wilaya. Akifukuzwa, ana siku 45 tangu apokee uamuzi kukata rufaa Tume ya Utumishi wa Umma. Asiporidhika huko, anakwenda kwa Rais, na uamuzi wa Rais ndio wa mwisho. Kinachobaki baada ya hapo ni Mahakama Kuu, ambayo haiulizi kama mtendaji alistahili kufukuzwa. Inauliza kama aliyemfukuza alifuata sheria: alimpa hati ya mashtaka? Alimsikiliza? Alikuwa na mamlaka hayo?

Kwa maandishi njia hii imenyooka. Tabu ni kwamba kwa miaka mingi watumishi walipita kwingine. Walipeleka malalamiko Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ile CMA, kama wanavyofanya wafanyakazi wa viwanda na mashamba ya watu binafsi, na huko wakapokelewa. Mwaka 2016 Bunge liliongeza kifungu cha 32A katika Sheria ya Utumishi wa Umma: mtumishi amalize kwanza njia zote za sheria hiyo kabla ya kugusa sheria za kazi. Bado mashauri yakaendelea kufunguliwa CMA. Mwaka 2022 Mahakama ya Rufani, ikiketi Mtwara katika rufaa ya Shirika la Posta, ikasema wazi kwamba CMA haina mamlaka juu ya watumishi wa umma.

Kisheria sina ugomvi na hukumu hiyo. Lakini fikirini mtu aliyeshinda CMA baada ya miaka ya nauli na mashahidi, kisha akaambiwa ushindi wake ni batili, na zile siku 45 zilishapita zamani. Aliyempokea kimakosa hakupoteza kitu. Ningependa sheria imlazimishe kila mwajiri wa umma kuandika ndani ya barua ya kufukuza: rufaa inapelekwa wapi, na mwisho wake ni lini.

Ipo na njia nyingine ya kusikilizwa, ile ya kelele. Mwaka 2017, wakati wa uhakiki wa vyeti, watumishi wenye elimu ya darasa la saba waliondolewa kazini, watendaji wa vijiji wakiwamo. Sharti la kidato cha nne liliwahusu walioajiriwa kuanzia tarehe 20 Mei 2004, lakini fagio likawazoa hata waliotangulia. Hao Serikali iliagiza warudishwe mwaka 2018, baada ya suala kupigiwa kelele bungeni. Nafurahi walirudi. Ila haki iliyopatikana kwa kelele humfikia mwenye wa kumpigia.

Je, kijana ambaye hajaajiriwa? Amefanya usaili wa Sekretarieti ya Ajira, anaamini alifaulu, jina halikutoka. Ngazi yote niliyoieleza haimhusu, maana imejengwa kwa aliye ndani ya utumishi. Linganisheni na Kenya, ambako Julai 2023 Mahakama Kuu ilibatilisha uteuzi wa mawaziri wasaidizi 50 baada ya Chama cha Wanasheria na Katiba Institute kushtaki. Nafasi kubwa huwa na mawakili wa kuzipigania. Nafasi ya mtendaji wa kijiji haina.

Kijana wetu anaweza kulalamika Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora, mrithi wa Tume ya Kudumu ya Uchunguzi ya mwaka 1966, ambayo wajumbe wake walizunguka mikoani kusikiliza watu. Tume ya sasa huchunguza na kupendekeza. Akitaka amri, aende Mahakama Kuu, aombe kwanza ruhusa ya kufungua shauri, ndani ya miezi 6 tangu uamuzi anaoupinga. Na yeye hakuandikiwa uamuzi wowote. Aliona tu orodha ambayo hayumo.